Kuvisha chombo faiba, pwani ya Mikindani: kazi nzuri kwa mtumbwi, hasara kwa mashua

Mafundi wanaovisha vyombo vya mbao faiba (mkeka wa nyuzi za kioo ulioloweshwa resini, gundi ya maji inayoganda) hapa Mikindani, Mtwara, wana mkono mzuri, na mwenye mtumbwi wa gogo moja awapelekee bila wasiwasi. Mwenye mashua ya mbao zilizopigiliwa kwenye mataruma, yaani mbavu za chombo, asome kwanza mpaka mwisho.

Chombo hupandishwa siku za bamvua, maji yakijaa, kisha husimamishwa juu ya magadi (miti ya kukiegemeza) maji yakishakupwa. Hapo huanza kukwangua. Deheni ya zamani, ule mchanganyiko wa chokaa na mafuta unaopakwa chini ya chombo, lazima itoke yote, na mbao iliyopakwa sifa (mafuta ya papa) kwa miaka haitoshi kuikwangua tu, kwa sababu mafuta yameingia ndani na resini haishiki kwenye mafuta. Wao hutumia grinda na msasa mnene namba 40 mpaka mbao mpya ionekane. Hatua hii wanaifanya kwa uaminifu kabisa.

Kasoro kubwa iko kwenye kukausha. Siku nne walizozipanga hazitoshi kwa chombo kilichotoka majini. Unyevu wa mbao unatakiwa ushuke chini ya asilimia 15, na hilo huchukua wiki kadhaa kivulini, chombo kikiwa kimefunuliwa ili upepo upite. Usiyekuwa na kipimo, bandika kipande cha nailoni kwenye ubao, ziba kingo zote kwa utepe wa gundi, ukiache usiku kucha. Asubuhi ukikuta matone ya maji chini ya nailoni, mbao bado. Kazi hii ipangwe kati ya Juni na Oktoba. Kuileta Januari, mvua za kusini zikinyesha, ni kujitafutia mapovu.

Vifaa mteja avihesabu mwenyewe. Pima mzunguko wa chombo kwa kamba, kuanzia ukingo mmoja, kupita chini ya mkuku (ule mti mrefu wa chini kabisa), hadi ukingo wa pili. Fanya hivyo omo (mbele), katikati na tezi (nyuma), utafute wastani, uzidishe kwa urefu. Chombo cha mita 7 chenye wastani wa mita 3 kina mita za mraba 21. Mkeka wa gramu 450 kwa mita ya mraba, ukilazwa mara mbili, ni karibu kilo 19. Resini huwa mara mbili na nusu ya uzito wa mkeka, yaani kilo 47 hivi. Fundi akikutajia kilo 25, ama atalaza mkeka mmoja au ataacha sehemu kavu.

Kuchanganya ndiko kunakoharibu kazi za watu wengi, na hapa mafundi hawa wanasifika kwa haki. Jua likiwa kali hutia mililita 10 za hadena, dawa ya kugandisha, kwa kilo ya resini; asubuhi kukiwa na ubaridi huongeza, ila hawapiti 20. Hawachanganyi zaidi ya kilo moja kwa mara moja, maana ndoo iliyojaa huchemka yenyewe na kuganda kabla brashi haijafika. Iliyoanza kuwa kama uji uliolala hutupwa, haipakwi. Mkeka ukilazwa huwa mweupe. Rola ikipita kutoka katikati kwenda pembeni, weupe unayeyuka mpaka unaona mishipa ya mbao chini yake. Panapobaki peupe pana hewa. Ikishakauka, gonga kila mahali kwa sarafu: mlio mkavu ni salama, mlio mzito wa kitu chenye uwazi ni povu, na povu likatwe lirudiwe kabla hujalipa nusu ya mwisho.

Jambo moja linasikitisha: wanamimina hadena bila miwani. Tone moja likiingia jichoni laweza kupofua. Ndoo ya maji safi iwe jirani, na jicho lioshwe dakika 15 mfululizo kabla ya kukimbilia hospitali.

Sasa mashua. Mbao zake hazitulii. Zikinywa maji huvimba na kubana kalafati (pamba inayoziba maungio), zikianikwa husinyaa, na huo mwendo ndio unaozuia maji. Faiba haivutiki. Hupasuka kwa mstari mwembamba kandokando ya maungio, maji huingia na hayapati pa kutokea. Maji ya mvua yanayokaa kwenye ngama, sakafuni mwa chombo, nayo hupenya kutokea ndani. Misumari inakula kutu, mbao inaoza huku nje pakiwa pamepakwa rangi safi inayong'aa. Mkuku ukiburuzwa mchangani bila ubao wa kuukinga, faiba hulika, na wadudu watoboa mbao hupata mlango. Ubao huo wa kinga hawauweki mpaka uuombe.

Kwa mashua, nenda kwa mafundi wa kalafati walio pwani hiyohiyo: pamba iliyosokotwa na kutiwa mafuta, ikapigiliwa kwa chembeu na nyundo, kisha deheni ya chokaa na mafuta chini. Itakubidi urudie mara kwa mara, na ni usumbufu kweli. Lakini ubao ukioza unauona, unaung'oa, unapiga mwingine siku hiyohiyo.