Forbrydelsen: siku 20 za msiba mmoja

Tamthilia nyingi za polisi humsahau marehemu mara tu daktari akishamfunika shuka. Forbrydelsen, iliyoanza kurushwa na televisheni ya DR ya Denmark mwaka 2007, haimsahau, na utamu wake uko hapo. Msimu wa kwanza una episodi 20 za karibu saa nzima, kila moja ikibeba siku moja ya upelelezi.

Nanna Birk Larsen, binti wa miaka 19, anakutwa amekufa kwenye buti la gari lililozamishwa majini. Sarah Lund (Sofie Gråbøl, mwenye sweta lake la sufu la visiwa vya Faroe) anashika kesi, lakini kila mara tunarudishwa jikoni kwa wazazi, wenye mazishi ya kupanga na wavulana wawili wadogo wa kulea. Tazama ile simu ya episodi ya kwanza: mama yuko nyumbani, simu sikioni, baba yuko kule gari lilikoopolewa. Hakuna anayemwambia kitu. Anasikia tu mumewe akilia.

Ni Novemba, na Copenhagen mwanzoni mwa mwezi huo jua huzama mnamo saa kumi na nusu. Mwisho wa mwezi hata saa kumi haifiki. Basi punguza mwanga sebuleni, la sivyo nusu ya picha itakupita. Inazungumzwa Kidenmaki, kwa hiyo tafuta yenye maandishi chini na uweke simu mbali. Hii si ya DJ kutafsiri kwa kuongea juu ya kila sauti. Ukimya wake una kazi.

Wengi hukosea kwa kuruka mambo ya siasa. Lile gari ni la kampeni ya Troels Hartmann (Lars Mikkelsen), anayegombea umeya. Ukiruka ofisini kwake, hutajua nani anamficha nani.

Kasoro zipo. Washukiwa ni wengi mno, na katikati unaanza kubashiri kwa kuangalia episodi zilizobaki: bado tisa, basi huyu siye. Na Lund, jamani, kila jengo lenye giza anaingia peke yake na tochi.

Msimu wa pili (2009) na wa tatu (2012) una episodi 10 kila mmoja, na unakwenda mbio zaidi; wasiopenda kusubiri wataufurahia, ila familia ya msimu wa kwanza haina mfano. Toleo la Marekani la 2011 lilimaliza msimu wake wa kwanza bila kumtaja muuaji, na watazamaji wakaja juu. Anza na la Denmark.