Ngome ya Cawdor: nilimfuata Macbeth, nikarudi na hadithi ya punda

Mama mkwe alikuja kututembelea kutoka Tanga mwezi wa saba, nami nikajifanya mwenyeji wa Uskoti nzima. Nikakata tiketi za ziara ya siku moja kwa basi dogo kutoka Inverness. Kampuni siitaji. Tangazo lao lilituahidi tutaingia Ngome ya Cawdor, mahali ambapo Macbeth alimuua Mfalme Duncan, na mimi, niliyepitia Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya tamthilia ya Shakespeare, shuleni kisha nikaisoma Macbeth ya Shakespeare huyohuyo ukubwani, nikanasa mzimamzima.

Ziara naipa nyota mbili. Basi lilichelewa dakika arobaini, hilo nimelisamehe. Nisilolisamehe ni yule kijana wa maikrofoni aliyetusimulia njia nzima, kwa sauti ya mtu aliyekuwepo, jinsi damu ilivyomwagika Cawdor. Hata kwenye tamthilia yenyewe Duncan hafii Cawdor. Anauawa nyumbani kwa Macbeth, Inverness, mji uleule tuliotoka asubuhi! Cawdor ni cheo tu anachopewa Macbeth, tuseme uliwali wa mahali hapo. Na ukienda kuitafuta ngome ya Inverness, ile unayoiona juu ya kilima ni jengo la mawe mekundu la mwaka 1836, lililokuwa mahakama.

Historia nayo ina yake. Duncan wa kweli aliuawa mwaka 1040 vitani, si kitandani. Macbeth akatawala miaka 17, na mwaka 1050 alikwenda kuhiji Roma, ambako inasemekana aligawa fedha kwa maskini kama anayemwaga mbegu. Mtu mwenye hofu ya kupinduliwa haachi kiti chake akaenda safari ya namna hiyo. Shakespeare aliandika mnamo 1606, wakati Mskoti James alikuwa ndiye mfalme mpya wa Uingereza. James aliamini ukoo wake umetoka kwa Banquo, yule mwenzake Macbeth kwenye tamthilia, na mwaka 1597 alikuwa ametoa kitabu kizima kuhusu uchawi. Basi Banquo akawa mwema, wachawi wakapewa jukwaa, na Macbeth akabebeshwa lawama hadi leo. Jina la mtu likishaingia kwenye tamthilia nzuri, halisafishiki.

Sasa ngome yenyewe. Nyota tano, na ningekuwa na ya sita ningeiongeza kwa ajili ya mti.

Unavuka daraja la kuinuliwa, unapanda ngazi nyembamba za kuzunguka (mwenye magoti mabovu ajipange), unapita vyumba vyenye mazulia ya ukutani. Maelezo ya vyumbani yameandikwa na hayati Earl wa 6, mwenye nyumba mwenyewe, na yamejaa utani. Nilikuwa nacheka peke yangu, mama mkwe akinitazama kwa wasiwasi. Halafu unafika chumba cha chini cha mnara, chenye dari la mawe la upinde. Katikati yake limesimama gogo la mti. Halijaegemezwa wala halikuletwa kuwa pambo. Limetoka ardhini palepale, na mnara umejengwa kulizunguka.

Hadithi inasema bwana wa Cawdor aliota ndoto: ampakie punda dhahabu, amwache azurure siku nzima, na atakapolala jioni ndipo ajenge. Punda akalala chini ya mti wa miiba. Kwa miaka mingi watu waliamini ni aina nyingine ya mti, mpaka wanasayansi walipoupima wakakuta ni holly, ule wa majani yenye ncha kali unaotumika kupambia nyumba Krismasi, na kwamba ulikufa mnamo 1372. Sababu yake mtoto mdogo angeitaja: ulifungiwa ndani, ukakosa jua. Fanya hesabu. Macbeth alifariki mwaka 1057. Mti ulipokauka kwa kuzungushiwa kuta mpya, yeye alikuwa kaburini zaidi ya miaka 300.

Mama mkwe alisimama pale muda mrefu, mkono kwenye ncha ya mtandio. Akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mwanangu, huu ni mti wa mzimu?" Nikamwambia hapana mama, ni hadithi ya punda. Hakuridhika. Kwao mti mkubwa haukatwi ovyo, na kuona Wazungu wamejenga nyumba nzima kwa kuukwepa mmoja kulimwingia kuliko silaha na picha za mabwana wote wa juu.

Ushauri wangu: mnaokuja, achaneni na ziara ya Macbeth. Kodini gari Inverness, ni kama nusu saa tu, mkae mnavyotaka. Bustani ni tatu, na ile yenye ukuta pekee yake inataka saa nzima. Angalieni tarehe kabla ya kutoka, maana majira ya baridi ngome hufungwa. Koti la mvua bebeni hata jua likiwaka.

Kwenye basi la kurudi, kijana wa maikrofoni alipoanza tena habari za damu, mama mkwe alinigusa bega.

"Wanasema fadhila ya punda ni mateke. Huyu kawaonyesha pa kujenga ngome nzima, na jina lake hawakuliandika popote."