Laptopu ya mtumba kwa gemu za PS2: hesabu vipande vya RAM kwanza

Malalamiko ya wasomaji ni yaleyale: "Nimenunua Core i5, RAM GB 8, mbona God of War II inakwamakwama kwenye PCSX2?" PCSX2 ni programu inayoigiza PS2 kwenye kompyuta. Mara nyingi GB 8 hizo ni kipande kimoja, na sloti ya pili iko tupu.

Laptopu nyingi za ofisini hazina kadi ya grafiki. Grafiki iliyo ndani ya prosesa, kama Intel UHD 620, inaazima RAM ya mashine. Kipande kimoja cha DDR4-2400 hupitisha GB 19.2 kwa sekunde. Viwili vya GB 4 hupitisha 38.4, na jumla ni GB 8 ileile. Kwa hiyo dukani, kabla hujatoa hela, bonyeza Ctrl+Shift+Esc, ingia Performance, halafu Memory, usome "Slots used". Ikiandika 1 of 2, mwambie muuzaji akate kwenye bei ya laptopu thamani ya kipande kinachokosekana.

Namba moja ni ThinkPad T480, na sifichi upendeleo. Tafuta yenye i5-8350U: kori nne, sloti mbili, betri ya nyuma unaichomoa kwa mkono, na ukibahatika unaipata yenye kadi ya grafiki ya GeForce MX150. Usiichanganye na T480s, ambayo RAM yake nyingine imechomelewa kwenye ubao na sloti ni moja tu.

Ya pili ni HP EliteBook 840 G5, prosesa zilezile, sloti mbili. Kwa anayecheza nyumbani tu, kompyuta ya mezani Dell OptiPlex 7060 yenye i5-8500 inazishinda zote kwa nguvu ya prosesa, ila utanunua skrini, na umeme ukikatika mechi imeishia hapo.

EliteBook 840 G3 itakutosha kwa PS1 na PSP. Zenye prosesa dhaifu ya Celeron achana nazo.

Kinachoudhi ni matangazo ya "Core i5" bila kutaja kizazi. i5-3320M ya 2012 haina hata AVX2 (maagizo ya prosesa ya kuharakisha hesabu), lakini inatangazwa kwa maneno yaleyale ya i5-8350U ya 2017. Dai namba nzima ya prosesa. Na wapo wanaochomoa kipande kimoja cha RAM wakakiuze kando, bei ya laptopu ikabaki palepale. Huo ni wizi.

Nenda na flashi yenye PCSX2, BIOS (programu ya kuwashia PS2) uliyoitoa kwenye PS2 yako na ISO (nakala ya faili) ya diski yako. Ndani ya PCSX2, washa vipimo vya On-Screen Display vinavyoonekana juu ya gemu. EE (kazi ya kuigiza prosesa ya PS2) ikigonga 100% huku GPU imetulia, tatizo ni prosesa, hiyo iache. GPU ikijaa, shusha Internal Resolution hadi Native, yaani ubora wa picha wa PS2 yenyewe. Jaribu ikiwa kwenye chaja ya wati 65, dakika ishirini mfululizo, kwa sababu feni iliyojaa vumbi huonekana mashine ikishapata moto. Muuzaji akikataa, mwachie laptopu yake.