Uzoefu wangu na fremu ya kupandanisha mashine ya kufulia na draya

Tunaishi Upanga, Dar es Salaam, katika nyumba ya ghorofa ambayo sehemu yake ya kufulia ni kijichumba kilicho nyuma ya jiko, chenye upana wa sentimita 95 tu. Masika yanapoingia, mataulo na sare za shule hushinda kambani bila kukauka na kuanza kunuka uvundo, na ndiyo maana tuliamua kununua draya, yaani mashine ya kukaushia nguo. Kwa kuwa mashine mbili zenye upana wa sentimita 60 kila moja haziwezi kukaa ubavu kwa ubavu mahali pale, ilibidi moja ipande juu ya nyingine. Ninayoieleza hapa ni fremu tuliyoinunua kwa kazi hiyo, ya aina inayouzwa kwa mashine za kampuni mbalimbali, yenye rafu ya kuvuta na mkanda wa kukazia.

Nimeridhika nayo, na nyumbani kwangu sitakubali draya ikae juu ya mashine ya kufulia bila kitu cha namna hii. Wapo wanaoweka kipande cha ubao au mpira katikati wakaona inatosha, na jambo hilo linanitia hofu. Mashine ya kufulia ya mlango wa mbele hukamua nguo kwa kasi inayoweza kufika mizunguko 1,200 au 1,400 kwa dakika, na mtikisiko wa namna hiyo, ukijirudia kila siku, husogeza kidogo kidogo kitu chochote kilichowekwa juu bila kufungwa. Draya yetu ni ya pampu ya joto na ina uzito wa karibu kilo 50. Ikidondoka kutoka juu ya mashine yenye kimo cha sentimita 85 na kumkuta mtoto mbele yake, sitaki hata kufikiri yatakayotokea.

Fremu yenyewe hukaa juu ya mfuniko wa mashine ya chini, na kingo zake zilizoinuka huzuia miguu ya draya isiteleze upande wowote. Sehemu ninayoithamini kuliko zote ni mkanda, unaopita juu ya draya, ukashuka nyuma na kuzishika mashine zote mbili pamoja. Kikazio chake kina meno: ukivuta mpini husikika mlio mkavu, jino baada ya jino, hadi mkanda unapokuwa mgumu kiasi kwamba kidole hakipiti chini yake. Fundi aliyetufungia alishauri tuuangalie tena baada ya wiki za mwanzo, na kweli ulikuwa umelegea kidogo, tukaukaza. Nadhani ushauri huo ungepaswa kuandikwa kwa herufi kubwa kwenye karatasi ya maelekezo, ambayo ina michoro midogo na maneno machache mno.

Fremu, hata hivyo, haiwezi kusahihisha mashine ya chini iliyokaa vibaya. Kabla ya kuinua chochote, fundi alihakikisha kwamba zile boliti za kusafirishia zilizo nyuma ya mashine ya kufulia zimekwisha kutolewa, kwa sababu zikibaki pipa haliwezi kuelea kwenye springi zake na mashine nzima hurukaruka. Kisha aliweka pimamaji juu ya mfuniko, kwanza kutoka kushoto kwenda kulia, halafu kutoka mbele kwenda nyuma, akazungusha miguu mpaka tone la hewa likatulia katikati, na mwisho akakaza nati za miguu ili isijizungushe yenyewe. Kazi hiyo ilichukua muda mrefu kuliko kufunga fremu, na naona kila dakika yake ilikuwa na faida. Leo mashine ikikamua, ninaweka kiganja ubavuni mwa draya na kuhisi mtetemo mwembamba tu.

Anayetaka kununua apime kina pia, asipime upana peke yake. Zipo mashine nyembamba zenye kina cha sentimita 45 hivi, na draya ya kawaida ya sentimita 60 ikiwekwa juu yake itaning'inia mbele. Mashine inayofunguliwa juu haifai kabisa kubeba nyingine. Na kama mashine zako zote mbili ni za kampuni moja, ninashauri uulizie kwanza kifaa chao wenyewe cha kupandanishia, kwa kuwa kimechongwa kulingana na mashine hizo na hufungwa kwa skrubu katika matundu yaliyokusudiwa.

Rafu ya kuvuta ni ya msaada mkubwa wakati wa kutoa nguo, maana kapu hukaa usawa wa kiuno. Ningependa iwe imara zaidi: ikibeba mataulo yaliyolowa huinama, kwa hiyo tunaiwekea nguo zilizokauka tu.

Kuhusu umeme, kila mashine ina soketi yake ukutani. Mashine ya kufulia inapochemsha maji hutumia takriban kilowati 2, na kuunganisha mashine zote mbili kwenye ekstensheni moja ni kutafuta moto. Kichujio cha draya tunakisafisha kila baada ya kukausha, kwa sababu nyuzinyuzi zinazojikusanya humo huzuia hewa na hushika moto upesi. Mlango wa kijichumba tunauacha wazi draya inapofanya kazi, ili hewa izunguke.

Kitu kimoja ambacho duka halikutueleza ni kimo. Mashine zikishapandana hufika zaidi ya sentimita 170, na tangi la draya yetu, linalokusanya maji yanayotoka kwenye nguo, liko sehemu ya juu kabisa. Mama yangu, ambaye ni mfupi, alilazimika kupanda kigoda ili alivute likiwa limejaa, huku maji yakimchuruzikia mikononi, jambo ambalo si salama kwa mtu wa umri wake. Bahati nzuri draya ina tundu la mpira wa kutolea maji, na fundi aliuunganisha mpira huo moja kwa moja na bomba la maji machafu lililo nyuma ya mashine. Tangu hapo tangi halihitaji kuguswa, na Mama anakausha nguo zake mwenyewe bila kumwita mtu.