CS6 ya kwenye DVD ndani ya laptopu ya Windows 11

Wateja wanaokaa nyuma yangu studio, hapa Arusha karibu na Mnara wa Saa, huona nembo ya Photoshop ya mwaka 2012 ikifunguka wakaanza kucheka. Wacheke tu. Leseni ililipiwa mara moja, na kadi ya harusi haiulizwi imetengenezwa na toleo gani.

CS6, yaani Creative Suite 6, mkusanyiko wa programu za usanifu za Adobe wenye Photoshop hiyo ya 2012, ndiyo ya mwisho ambayo Adobe waliiuza kwa mtindo huo. Mei 2013 walitangaza kwamba yatakayofuata yote ni ya kulipia kwa mwezi au kwa mwaka. Yetu ni Design Standard, yaani Photoshop ya picha, Illustrator ya michoro, InDesign ya kupanga kurasa na Acrobat ya PDF. Laptopu mpya hazina sehemu ya DVD, kwa hiyo uwe na kile kisomeo cha nje cha USB. Ikishaingia, inafunguka upesi kuliko ndugu zake wapya, na bando likiisha katikati ya kazi haina habari.

Shida yenyewe ni skrini. Photoshop hii ilitengenezwa kabla skrini zenye nukta nyingi hazijaenea, hivyo kwenye 4K vitufe vyake vinakuwa kama punje za ulezi. Dawa ipo: bofya kulia ikoni ya programu, ingia Properties, kisha Compatibility, fungua mipangilio ya DPI (ukubwa wa vitu kwenye skrini), weka tiki kwenye Override na uchague System. Vitufe vitakua, ila maandishi yatakuwa na ukungu kidogo. Hapa wengi hawashtuki: Windows inavuta dirisha zima, pamoja na picha unayoihariri. Ukiiona haina ukali, usikimbilie kuongeza ukali. Unaweza kuiharibu picha iliyokuwa nzima. Mimi nikifika hatua hiyo narudisha mipangilio ya kawaida, nafungua upya, nainama karibu na skrini kama fundi saa na kumaliza. Ikianza kuganda au kuchora michirizi, zima matumizi ya kadi ya picha ya kompyuta (Graphics Processor) kwenye Preferences, upande wa Performance.

Wapiga picha za safari ndio watakaoumia. Camera Raw ya CS6, ile sehemu inayofungua picha ghafi za kamera, iliishia toleo la 9.1.1, kwa hiyo faili za CR3, picha ghafi za kamera mpya za Canon, haizijui kabisa. Adobe wana DNG Converter ya bure, unabadilisha kwanza ziwe DNG, muundo ambao CS6 inausoma, ndipo unafungua. Kwa picha kumi ni sawa. Mtu akishuka kutoka Serengeti na kadi mbili zimejaa na anataka picha kesho asubuhi, hapo ni kukesha.

InDesign nayo haifungui faili iliyohifadhiwa na toleo jipya. Mwambie aliyekutumia aitoe kama IDML, muundo ambao matoleo ya zamani huufungua, kisha kagua kila ukurasa, maana mistari husogea. Brosha ya kampuni ya utalii yenye bei za msimu si kitu cha kuamini kwa macho ya haraka. Kwa wachapaji hakuna ugomvi wowote, wao wanataka PDF tu.

Mwenye Mac asijisumbue. Tangu Catalina ya 2019 programu za biti 32 hazifanyi kazi, na kisakinishi cha CS6 ni cha biti 32.

Na zile flashi za mtaani zenye "CC 2015 ya bure" (CC ni Creative Cloud, ile ya kulipia kwa mwezi), achana nazo. Adobe wenyewe mwaka 2019 waliwaambia hata wanaolipia kwamba matoleo mengi ya zamani ya CC hayana ruhusa tena. Kwenye flashi unapewa programu isiyo na leseni, na mara nyingi virusi juu.

Kwa kadi, vipeperushi na mabango naipa nne kati ya tano. Kwa picha za safari, mbili. Kijana wetu wa dawati la pili, anayehariri picha za wanyama, tunamlipia ile ya kila mwezi. Mimi sijaona cha kunihamisha.