Mashine ya boti ikiibwa Lamu: kesi ya jinai au ya madai?

Swali hili haliishi barazani, na aghalabu anayeuliza tayari ana jirani anayemshuku.

Kwa gharama, jinai ina nafuu. Mashtaka huendeshwa na serikali, wewe ni shahidi. Kesi ya madai unaifungua mwenyewe, kwa ada na pengine wakili.

Uzito uko kwenye uthibitisho. Katika jinai, hatia lazima ithibitishwe pasipo shaka yoyote ya maana, na kifungu cha 50 cha Katiba ya 2010 humhesabu mshtakiwa kuwa hana hatia mpaka hapo. Kuonekana gatini usiku hakutoshi, ikiwa wengine nao walipita. Wapo wanaosema hivyo ni kumfungulia mwizi mlango. Mimi naona ni haki, tena ya lazima: miaka ya jela hairudishwi, na watoto wa aliyefungwa bure hawalipwi utoto wao. Afadhali mwenye hatia aponyoke. Katika madai, hakimu hupima upande upi una uwezekano mkubwa zaidi wa kuwa kweli, kwa kuwa kinachogombewa ni mali.

Ukitaka thamani ya mashine, na una risiti na namba yake, madai yatakufaa. Mwizi akiwa amejeruhi mtu, au ni mazoea yake, nenda polisi. Njia zote mbili zaweza kwenda pamoja. Kesi ya madai peke yake si sababu ya kusimamisha ya jinai. Ukiwa na uvumi tu, tafuta kwanza shahidi.