Ziara ya nusu siku ya kuonja mvinyo kutoka Cape Town: ipi ununue, ipi uiache

Ukiwa Cape Town na siku moja tu ya ziada, kila mwenye meza ya kuuza ziara atakuapia kuwa ya kwake ndiyo bora. Vipeperushi navyo havisaidii: mizabibu mbele, mlima nyuma, glasi mbili juani. Kinachotofautisha ziara hizi ni muda, na huo hauandikwi popote. Ziara ya nusu siku huchukua saa nne hadi tano, tangu unapochukuliwa hotelini mpaka unaporudishwa. Humo ondoa barabara, ondoa mzunguko wa kuwakusanya abiria wengine hotelini kwao, ondoa dakika za kumsubiri aliyebaki dukani anachagua kofia. Kilichosalia ndicho unachokilipia. Kwa kipimo hicho nimezipanga hivi.

Ya kwanza: Constantia

Bonde la Constantia limo ndani ya jiji lenyewe, nyuma ya Mlima Table. Kutoka katikati ya mji ni chini ya nusu saa kwa gari barabara ikiwa shwari, na asubuhi foleni huwa inaingia mjini wakati wewe unatoka. Hakuna ziara nyingine inayokupa muda mwingi kiasi hicho mbele ya glasi, na kwa nusu siku hilo linatosha kuiweka juu.

Lakini si ukaribu tu. Simon van der Stel, gavana wa Kampuni ya Kiholanzi ya India Mashariki, alipewa ardhi hapa mwaka 1685, na mvinyo mtamu wa bonde hili ukaja kutafutwa na majumba ya kifalme ya Ulaya. Napoleon alipokuwa kizuizini kisiwani St Helena alikuwa akipelekewa. Baadaye ugonjwa wa mizabibu na biashara kuanguka vikaufanya upotee, mpaka shamba la Klein Constantia lilipoufufua kwa zabibu za msimu wa 1986 na kuuita Vin de Constance. Kabla ya kulipia ziara, uliza kama mvinyo huo mtamu umo kwenye orodha ya kuonja. Mara nyingi haumo, au unalipiwa pembeni, na kufika Constantia bila kuuonja ni kama kwenda Zanzibar bila kutia mguu Mji Mkongwe.

Mvinyo wa kila siku wa hapa ni Sauvignon Blanc. Upepo wa bahari kutoka False Bay hupoza mashamba, zabibu huiva taratibu na kubaki na uchachu wake. Asiyependa mvinyo mweupe mkali ajue hilo mapema.

Kuna njia mbili za kwenda. Ya kwanza ni basi dogo lenye mwongoza watalii. Ya pili ni yale mabasi mekundu ya kitalii yanayozunguka jiji: unashuka Constantia Nek na kuingia basi la mashamba ya mvinyo, unapanda na kushuka utakavyo. Njia ya pili ni nafuu na inakupa uhuru, ila tiketi ni ya usafiri tu, ada ya kuonja unalipa mwenyewe kila shamba, na hakuna wa kukueleza unachokunywa zaidi ya anayekumiminia. Uliza saa ya basi la mwisho kabla ya glasi ya kwanza, si baada ya ya tatu.

Ya pili: Stellenbosch, kwa kundi dogo

Stellenbosch iko umbali wa takriban kilomita 50, kama saa moja ya barabara. Mji ulianzishwa 1679 na una chuo kikuu, nyumba nyeupe za Kiholanzi na mialoni mikubwa kandokando ya mitaa. Kwa mpenzi wa mvinyo mwekundu, mimi ningeipandisha juu ya Constantia bila kusita. Cabernet Sauvignon ya hapa ina jina, na zabibu iitwayo Pinotage ilizaliwa hapahapa: mwaka 1925 Profesa Abraham Perold alipandanisha aina mbili za zabibu, Pinot Noir na Cinsaut, wakati huo Cinsaut ikiitwa Hermitage kule Rasi (Cape). Wapo wasioipenda Pinotage kabisa. Wanasema ina harufu ya moshi na mpira. Onja ya mkulima mzuri kabla ya kuamua. Ukipelekwa shamba la Simonsig, anza na mvinyo wa povu: hao ndio waliotengeneza wa kwanza nchini kwa njia ya Champagne, ile ya kuuchachusha mara ya pili ndani ya chupa, mwaka 1971.

Kasoro ya Stellenbosch iko kwa wauzaji. Kwa kuwa mashamba ni mengi na yamekaribiana, wanashindana kwa idadi: matatu, manne, hata matano kwa siku. Piga hesabu. Shamba moja hukupa mvinyo wa aina tano hivi, kila mmoja kama mililita 25 hadi 30. Hiyo ni karibu glasi nzima. Mashamba manne ni glasi nne kabla hujala, na kufikia la tatu ulimi umeshakufa ganzi. Unaweza kumiminiwa siki ukasifia. Kwa nusu siku mawili yanatosha, matatu ndiyo mwisho. Tena usione haya kutema. Ndoo iliyo mezani imewekwa kwa kazi hiyo, na wenyewe wataalamu hutema.

Ya tatu: Durbanville

Karibu, tulivu, watalii wachache, Sauvignon Blanc safi. Historia yake haifikii ya Constantia, ndiyo maana iko hapa. Ni chaguo zuri kwa aliyekwisha kwenda kwingine, au aliyelala upande wa kaskazini wa jiji.

Ya nne: Franschhoek na tramu yake

Hapa najua nitagombana na wengi. Bonde la Franschhoek ni zuri kuliko yote. Wahuguenoti waliokimbia mateso ya kidini Ufaransa walifika huko 1688, na hadi leo mashamba yana majina ya Kifaransa. Tramu ya mvinyo, iliyoanza 2012, ni furaha tupu kwa marafiki waliokuja kucheka na kupiga picha. Lakini ni mwendo wa kilomita karibu 80 kutoka Cape Town, na tramu ina ratiba yake: ukikosa gari unasubiri jingine. Sehemu ya njia utaipita kwa basi lililoundwa kama tramu, wala si juu ya reli. Kwa siku nzima ningeiweka ya kwanza au ya pili. Kwa nusu siku utakuwa umelipia dirisha la gari.

Paarl nayo ni safari ya mbali kwa nusu siku, isipokuwa una watoto. Shamba la Fairview lina mnara wa mbuzi na jibini, na mbuzi humaliza kesi nyingi za watoto waliochoka.

Za kuacha

Usinunue ziara inayochanganya Cape Point, pengwini wa Boulders na mvinyo katika siku moja. Kila kimoja kati ya hivyo ni kizuri. Vikiunganishwa, mvinyo unakuwa kituo cha dakika arobaini mwishoni, watu wamechoka na jua na wanataka kulala. Ziara ya bonde la Hemel-en-Aarde pia iache kwa nusu siku. Pinot Noir ya huko inastahili safari, lakini bonde liko karibu na mji wa Hermanus, zaidi ya kilomita 100. Nenda huko ukiwa tayari unafuata nyangumi, hasa kati ya Julai na Novemba.

Mtu anayekuongoza

Bei ya ziara mbili ikilingana, chagua kwa kumtazama mwongoza watalii. Sheria ya Afrika Kusini inamtaka awe amesajiliwa na avae beji yake. Dereva anayesimulia bila beji ni dereva tu. Kisha sikiliza anachosimulia. Mashamba haya yalijengwa kwa mikono ya watumwa walioletwa kutoka Madagaska, Msumbiji, India na visiwa vya Indonesia, na utumwa ulifutwa huko Rasi mwaka 1834, huku waliokuwa watumwa wakilazimishwa kuendelea kuwatumikia mabwana zao kwa miaka minne zaidi. Hata baada ya hapo vibarua wa mizabibu waliendelea kulipwa sehemu ya ujira wao kwa mvinyo, mtindo ulioitwa dop, na madhara yake kwa afya ya familia za mashambani yangalipo. Mwongozaji anayeanza na kumaliza na Van der Stel amekupa nusu ya hadithi kwa bei nzima. Mwulize swali moja kuhusu waliochuma zabibu, utamjua hapohapo.

Kabla hujalipa

Uliza kama ada za kuonja zimo ndani ya bei, maana tofauti kati ya ziara ya bei poa na ya bei ghali mara nyingi ni hiyo tu. Uliza watu wangapi ndani ya gari: wanane ni sawa, zaidi ya kumi na wanne utapigana vikumbo kwenye kaunta. Uliza kama kuna chakula, na kama hakuna, kula kwanza. Asiyekunywa asilipe bei ya mnywaji. Mashamba mengi yana juisi ya zabibu au chokoleti, ila mpaka iagizwe mapema.

Mkiwa wanne, omba bei ya gari zima na dereva. Mkigawana mara nyingi haipiti sana bei ya viti vinne, na mnaamua wenyewe muda wa kukaa. Kuendesha mwenyewe sikushauri: kikomo ni gramu 0.05 za pombe kwa mililita 100 za damu, na shamba moja linaweza kukufikisha.

Msimu nao una bei yake. Kuanzia mwishoni mwa Januari hadi Machi utaona zabibu zikichumwa, lakini foleni ya watalii ni ndefu. Juni hadi Agosti ni mvua na baridi, mizabibu ni miti mitupu, ila ndani kuna moto na anayemimina ana muda wa kuzungumza nawe. Mimi naipenda zaidi hiyo.

Ukinunua chupa, uliza kama ada ya kuonja itafutwa. Mashamba mengine hufanya hivyo. Nyumbani Afrika Mashariki utaruhusiwa kuingiza lita mbili za mvinyo bila ushuru, yaani chupa mbili za kawaida, na zinasafiri kwenye begi kubwa, si la mkononi. Tunza risiti yenye VAT. Mgeni hurudishiwa kodi hiyo uwanja wa ndege, lakini chupa lazima zikaguliwe na forodha kabla hujakabidhi begi, kwa hiyo usizifungie chini kabisa.